Msomaji wa Barua za Bibi

Miaka ya 1980, barua za mjomba kutoka Dar es Salaam zilitufikia Matombo kwa sanduku la posta la misheni. Bibi mzaa mama hakujua kusoma, hivyo msomaji nilikuwa mimi. Nakaa kwenye kigoda karibu na kibatari, yeye anachambua mchicha. "Hebu rudia pale pa shamba," ananiambia. Kwetu Waluguru ardhi ya ukoo hupitia upande wa mama, na mjomba ndiye mwenye kauli juu ya mashamba na ndoa. Kwa hiyo hata darasa la saba sijamaliza nilishajua nani anaposwa, nani anadaiwa, na minanasi ya nani imevuka mpaka. Majibu nayo niliandika mimi. Habari za msiba hazikungoja barua: tulizisikia kwenye matangazo ya vifo ya Radio Tanzania, kwa betri zilizoanikwa juani mchana kutwa.

Miaka ya 2000 Bibi akapata simu ya vibonyezo. Bondeni mtandao haushiki, basi anajikongoja hadi kilimani, anaongea na mwanawe bila mtu wa kati. Nilifurahi sana kwa ajili yake. Yapo ya mama na mwana yasiyofaa kupitia kinywani mwa mjukuu. Lakini wadogo zangu waliambulia "Ee... haya baba, Mungu akubariki," wakarudi kucheza.

Kisha mwaka 2008 M-Pesa ikaingia nchini. Zamani hela ililetwa na mtu, na mtu huyo alilala, akala, akazungushwa shambani kwa miguu. Sasa hela inafika, mwenyewe yuko Mbagala. Naamini hapo ndipo tulipoumia zaidi. Mjomba alipofariki, sisi watoto wa dada yake ndio tuliopaswa kusimamia mashamba, na wadogo zangu, wenye elimu kunizidi, hawakujua mpaka unapita wapi.

Siku hizi tuna kundi la ukoo la WhatsApp. Mama hapendi kuandika, ila sauti anarekodi mpaka chaji inaisha: ugomvi wa zamani, majina ya waliozikwa, mipaka. Juzi alieleza kwamba shamba la juu linaanzia kwenye mfenesi na kushuka hadi kijitoni. Mwanangu aliyeko Dodoma akajibu, naye kwa sauti: "Shikamoo Bibi. Mfenesi upi, ule wa njiani au ule wa kaburini?"

Nimemtumia nauli.