Siku Moja ya Basi na Boti: Kutoka Kisegi Hadi Kisiwa cha Mfangano

Watu wa pwani wanapozungumzia matembezi ya siku moja ya basi na boti, aghalabu fikra zao huelekea Istanbul, ambako mgeni hupandishwa basi asubuhi akaoneshwa misikiti na makasri, na alasiri akapakiwa chomboni akatembezwa katika mlango wa bahari wa Bosphorus. Ni matembezi mazuri kwa mwenye nauli. Lakini nchi yetu nayo inayo matembezi ya namna hiyo hiyo, na wengi wetu hatujapata kuyawazia kwa kuwa yako upande wa machweo, penye Ziwa Victoria. Ndugu wasomaji, makala haya yanaeleza siku moja iliyoanzia Kisegi, katika nchi ya Gwassi, ikaishia kisiwani Mfangano.

Kisegi ni mahali pa wavuvi na wakulima katika Kaunti ya Homa Bay, karibu na mpaka wa Kaunti ya Migori. Mbele yake ni ziwa, na nyuma yake vimesimama vilima vya Gwassi. Tulikuwa watu kumi na wanne, jamaa za nyumba tatu kutoka Mombasa, wageni wa ndugu yetu anayefanya kazi huko. Basi dogo lilikodiwa, na kijana mmoja mwenyeji akakubali kuwa kiongozi wetu. Tuliondoka baada ya sala ya alfajiri, chai ikiwa katika chupa na mahamri yamefungwa katika kitambaa.

Barabara ya kuelekea Sindo hupita kati ya vilima na maji. Kiongozi alianza darasa lake hapo hapo, kwa kutuambia kwamba vilima vile tulivyokuwa tukivisifu kwa ubichi wake ni mabaki ya mlima mmoja mkubwa wa moto, ambao wataalamu wa miamba huuita Kisingiri. Mlima huo ulizimika zamani mno, lakini majivu yake ndiyo yaliyofunika wanyama na mimea ya nchi hii, yakaihifadhi kama vile chumvi inavyohifadhi ng'onda. Mwaka 1948, katika kisiwa cha Rusinga, Mary Leakey alilipata fuvu la mnyama wa jamii ya masokwe aitwaye Proconsul, ambaye wataalamu wanakadiria kuwa aliishi takriban miaka milioni 18 iliyopita. Fuvu hilo liliipatia Rusinga jina duniani. Watoto, waliokuwa wakisinzia, walianza kuchungulia dirishani kutafuta mifupa.

Upande wa pili wa vilima liko bonde la Lambwe, na ndani yake Hifadhi ya Taifa ya Ruma, mahali pekee nchini Kenya ambapo korongo, yule swala mkubwa mwenye uso wa weusi na weupe, bado anaishi porini. Hatukuwa na nafasi ya kuingia. Anayetaka kumwona ampe siku yake peke yake.

Kutoka Mbita tulivuka daraja na kuingia Rusinga. Katika miaka ya 1980 kisiwa kiliunganishwa na bara kwa tuta la mawe na udongo, na tuta hilo likazuia maji yasipite. Daraja la sasa limeyarudishia maji njia yake. Kituo chetu kilikuwa kaburi la Tom Mboya, lililojengewa jengo lenye umbo la risasi, ukumbusho wa namna alivyouawa mjini Nairobi tarehe 5 Julai 1969, akiwa waziri wa mipango ya uchumi na hajatimiza umri wa miaka 39. Jambo lililowagusa zaidi wazazi katika msafara wetu ni habari ya ndege za wanafunzi. Kuanzia mwaka 1959, Mboya na wenziwe walikusanya fedha na kuwapeleka mamia ya vijana wa Afrika Mashariki kusoma Marekani, wakati nafasi za elimu ya juu hapa kwetu zilikuwa haba. Mtu huyu hakuwahi kuwa na shahada ya chuo kikuu, wala hilo halikumzuia kuwafungulia wengine mlango.

Saa nne za asubuhi tulirudi Mbita kupanda boti, na hapo ndipo siku ilipotaka kuharibika. Boti ilikuwa nzuri, ndefu, imepakwa rangi, na injini yake mpya. Lakini jaketi za kujiokolea zilikuwa kumi na moja, nasi pamoja na kiongozi na mabaharia wawili tulikuwa kumi na saba. Za kuwatosha watoto hazikuwapo kabisa. Nahodha alisema ziwa limetulia, na kwamba watoto watapakatwa. Wengine wetu walikwishaanza kuvua viatu ili wapande. Bi Mkubwa wetu, mama wa miaka sabini na ushei, alibaki amesimama juu ya jiwe.

"Mwanangu," alimwambia nahodha, "idadi ya jaketi na iwe sawa na idadi ya roho. Mimi ni mtu wa Mtongwe."

Nahodha, kijana wa ziwani, hakulijua jina hilo, na ilibidi aelezwe: tarehe 29 Aprili 1994, feri ilipinduka katika kivuko cha Mtongwe, Mombasa, na watu zaidi ya 270 wakafa maji, pwani ikiwa mbele ya macho yao. Naye akanyamaza kidogo, kisha akasema ziwa lao nalo lina kumbukumbu zake: MV Bukoba mwezi Mei 1996, na MV Nyerere mwezi Septemba 2018, zote upande wa Tanzania, na mamia ya watu kila mara. "Basi umeshanijibu, baba," Bi Mkubwa akasema. Nahodha akatuma mtu kuazima jaketi kwa wenziwe. Zilikuja moja moja, zikiwamo ndogo nne za watoto, na tuling'oa nanga saa moja na nusu baada ya wakati tuliopanga. Kuchelewa huko kulitugharimu, kama itakavyoonekana. Wala hakuna aliyenung'unika.

Ziwa hili Wajaluo huliita Nam Lolwe, na Waganda Nalubaale. Eneo lake ni takriban kilomita za mraba 68,800, na sehemu ya Kenya ni ndogo, kama asilimia 6 tu. Mtu wa pwani hulitazama akadhani ni bahari, mpaka aonje maji yake. Pepo zake pia si kama zetu. Sisi tuna kusi na kaskazi zinazogawana mwaka; wao pepo zao hugawana siku. Usiku upepo hutoka nchi kavu kuelekea ziwani, na mchana hugeuka ukatoka ziwani kuelekea nchi kavu. Mvuvi wa tanga hutoka kwa upepo wa usiku akarudi kwa upepo wa mchana. Tuliwapita wawili kati yao, na matanga yao yalikuwa ya pembetatu, ndugu wa matanga ya ngalawa zetu. Tulivipita pia visiwa vya mchanga na ndege, mnandi wakikausha mbawa zao juu ya mawe.

Tulifika Sena, bandari ya Mfangano, adhuhuri imeshaingia. Chakula kilikuwa ngege wa kukaanga, ambaye wengine humwita sato, kwa sima na mboga. Tulitawadha kwa maji ya ziwa, tukasali adhuhuri na alasiri kwa pamoja kama ilivyoruhusiwa kwa msafiri. Kwa faida ya wasomaji: Mombasa karibu iko sawasawa kusini mwa Makka, kwa hiyo kibla chetu ni kaskazini, Mfangano iko magharibi zaidi, na kibla chake huelemea kidogo mashariki ya kaskazini. Jua nalo huchelewa kutua huko kwa dakika ishirini na zaidi kuliko Mombasa, ijapokuwa saa za ukutani ni zile zile. Aliyebeba ratiba ya sala ya Mombasa asiitegemee, hasa akiwa amefunga.

Tulikusudia kuona mambo mawili kisiwani: michoro ya miambani ya Kwitone, iliyo juu mlimani, na Makumbusho ya Amani ya Jamii ya Abasuba. Kwa ajili ya saa moja na nusu tuliyoitumia Mbita, ilitubidi tuchague moja. Tulichagua makumbusho, na Kwitone ikabaki kuwa deni. Hapo makumbusho tulielezwa kwamba michoro hiyo ni duara ndani ya duara, za rangi nyekundu na nyeupe, kwamba huhesabiwa kuwa kazi ya wawindaji wa kale wa jamii ya Watwa, na kwamba mapokeo ya kisiwani huihusisha na kuomba mvua.

Wasuba, kwa mapokeo yao, walivuka ziwa kwa mitumbwi kutoka Buganda katika karne ya 18, wakikimbia vita vya watawala, wakakaa visiwani na katika nchi ya Gwassi. Lugha yao ni ya Kibantu. Baadaye waliishi na Wajaluo, wakaoana nao, wakauziana samaki na nafaka. Na skuli na makanisa yalipokuja, yalikuja kwa Kijaluo. Kizazi baada ya kizazi, Kisuba kilirudi nyuma kama maji ya bamvua yanavyokupwa. Leo Mfangano ndiko kilikobaki na nguvu kuliko kwengine. Kisiwani ipo redio ya jamii inayokitumia, iitwayo Ekialo Kiona, maana yake dunia nzima. Msikilizaji wa Kiswahili hata asipoelewa neno, ataisikia ile *ki* ya jina ikipatana na *ki* ya sifa yake, kama tusemavyo kijiji kizima.

Nje ya makumbusho palikuwa na bibi mmoja akizungumza na mjukuu wake. Bibi alisema kwa Kisuba, mtoto akajibu kwa Kijaluo, na mazungumzo yakaendelea hivyo bila ya mmoja kumkosoa mwenzake. Tulimwomba kiongozi wetu atufasirie. Akatuambia anayafahamu ya mtoto yote, na ya bibi nusu yake. Yeye ni Mgwassi wa Kisegi, Msuba kwa ukoo. Nyumbani kwao aliyekuwa akisema Kisuba ni bibi yake, na baada ya kufariki kwake hakuna aliyebaki.

Katika boti ya kurudi maneno yalikuwa machache. Mmoja wetu asili yake ni Wasini, na nyanyake akisema Kivumba. Mwengine ni wa Pate. Waliulizana kwa sauti ya chini ni watoto gani katika wale waliolala mapajani mwao wanaoweza kumjibu nyanya kwa lahaja yake. Hakuna aliyepatikana. Kiswahili chetu hakifi, alhamdulillahi. Kinasemwa na mamilioni. Lakini Kivumba, Chifundi, Kipate na Kitikuu havisemwi na mamilioni, na havina jeshi la kuvilinda ila mama na baba wanaovisema ndani ya nyumba. Lugha haiuawi na adui. Inatosha wazazi waione ni ya wazee tu, na watoto waione ni ya kuchekwa.

Kwa jamaa zinazotaka kwenda likizo ijayo, inshaAllah: basi lipangwe tangu usiku, ili Mbita ifikwe mapema na Kwitone isikukoseni. Jaketi zihesabiwe kabla ya bei kukubaliwa, na za watoto zitajwe mbali. Kurudi kuwe kabla ya jioni, maana upepo wa mchana huinua mawimbi. Na wazee wasiachwe nyumbani kwa kuogopewa uchovu. Kama si Bi Mkubwa, tungeondoka Mbita na jaketi kumi na moja.