Mama aliyekataa kubadili namba ya simu

Mama mmoja wa Marekani alikataa kuhama nyumba yake. Alikataa pia kubadili namba ya simu. Binti yake alikuwa ameondoka bila kurudi, na mama alitumaini kwamba siku moja atapiga namba ile ile.

Binti hakupiga. Tarehe 24 Aprili 1981 mwili wake uliokotwa kando ya barabara katika jimbo la Ohio. Alikuwa na miaka 21, amenyongwa, hana viatu wala kitambulisho. Kwa kuwa hakuna aliyemtambua, watu walimwita kwa koti la ngozi alilovaa. Akazikwa bila jina.

Damu yake ilihifadhiwa. Mwaka 2018 shirika la DNA Doe Project, lililoanzishwa na Colleen Fitzpatrick na Margaret Press, lililinganisha ADN yake na ya watu walioweka zao kwenye intaneti wakitafuta ndugu.

ADN ni urithi: nusu ya baba, nusu ya mama. Watoto wa ndugu wawili wa tumbo moja hufanana karibu sehemu moja kwa nane. Jamaa wa mbali, chini ya hapo. Akipatikana jamaa mmoja, watafiti hupanda hadi kwa babu na bibi wa pamoja, kisha hushuka tawi kwa tawi wakisoma vyeti vya kuzaliwa, vya ndoa na vya kifo. Hivyo msichana alirudishiwa jina. Muuaji alikuwa bado hajajulikana, lakini mama yake, aliyekuwa bado hai, alijua mtoto alipolala.

Mwezi huo huo, kwa njia hiyo, alikamatwa California Joseph James DeAngelo, aliyewahi kuwa polisi. Mwaka 2020 alikiri mauaji 13.

Mama aliyekimbia vita hawezi kungoja kwenye nyumba moja. Simu hupotea njiani, vyeti huungua pamoja na nyumba, na watoto wengi hawakuandikishwa kabisa. Lakini hata kule kwenye mashine, ADN ilionyesha ukoo tu. Jina lilitoka kwa jamaa na kumbukumbu zao. Pasipo na vyeti, kumbukumbu ni midomo ya wazee. Mtoto anayefundishwa chini ya shitingi majina ya babu, bibi, shangazi na kijiji chao amebeba cheti kisichoungua.