Kiitikio cha Banda la Video

Banda letu la video lilikuwa Ngamiani, Tanga, chumba kimoja kilichozibwa madirisha kwa magunia. Tanzania Bara haikuwa na kituo cha televisheni hadi 1994, kwa hiyo picha tulizifuata huko: deki moja, kanda zilizochoka, watoto tumebanana mkekani na wakubwa kwenye mabenchi. Kila picha ilikuwa na stelingi na adui wake. Mengine hatukuuliza.

Iliyotuganda masikioni ni ile ya Indiana Jones ya 1984, Temple of Doom. Kizungu chake kilitupita. Lakini stelingi aliposhuka chini ya jumba la mfalme akachungulia pangoni, hata wauza karanga walinyamaza. Ngoma nzito, mwanga mwekundu, umati umeinama ukiitikia kwa pamoja, na sauti zinapanda kadiri kuhani anavyomsogelea mtu aliyefungwa mbele ya sanamu ya Kali. Anamtia mkono kifuani, anautoa moyo ungali unadunda, na kiitikio hakikatiki. Wateja walidai sehemu hiyo irudishwe tena na tena, mpaka kanda ikaanza kutoa mistari myeupe papo hapo, kabla tu ya mkono kuingia.

Kuhani tulimtambua mara moja. Amrish Puri! Adui wa picha za Kihindi, yule yule Mogambo wa Mr. India ya 1987. Kichwa alikinyoa kwa ajili ya Temple of Doom, kisha kipara kikawa ndiyo sura yake. Wengine mle ndani hatukuwajua, yeye alikuwa mtu wetu. Kama Amrish Puri anaabudu hivi, nani wa kubisha kwamba Wahindi ndivyo wanavyoabudu?

Jioni tukaihamishia picha uani. Maneno ya kwenye kanda hatukuyajua, tukajitungia yetu, yenye vishindo vingi na maana hakuna. Debe likawa ngoma, embe bichi likawa moyo. Aliyepewa ukuhani alilichomoa chini ya shati la mwenzake, akaliinua juu kwa mikono miwili, sisi tukahanikiza hadi mtaa wa pili.

Babu mmoja Mgujarati mwenye duka pale jirani alitusikia. Akatuita barazani, tukamwamkia, akauliza tunamwimbia nani. Tukamtaja Kali. "Kali ni Mama," akasema. "Mama gani anakula moyo wa mtoto?" Akatusimulia mlima wa Pavagadh huko Gujarat, ambako watu wa kwao hupanda kumwamkia Mama na kumpelekea nazi. Nazi! Sisi wa pwani hilo lilituingia kuliko yote.

Navaratri, sikukuu yao, ilipofika nilichungulia getini pao. Inakesha usiku tisa. Chungu cha udongo chenye matundu kimewekwa katikati na taa ndani yake, wanawake wanakizunguka wakipiga makofi, mmoja anatoa wimbo na wengine wanampokea. Ngoma hiyo, garba, ilinikumbusha vugo la harusi za kwetu. Pango sikuliona.

Miaka mingi baadaye nikasoma kwamba serikali ya India iliikataa hadithi ya picha ile kwa kuona inawatukana watu wake. Mwongozaji wake, Spielberg, akaenda kupigia picha Kandy, Sri Lanka. Hekalu lenyewe likajengwa studio, Uingereza. Majambazi walioitwa Thug, ndio wale wa pangoni kwenye picha, walikuwepo kweli, wanyongaji wa wasafiri, na Waingereza waliwasaka katika miaka ya 1830. Hilo la moyo ni la watunzi. Waliotoa mioyo ya watu kwa miungu yao ni Waazteki wa Mexico, upande wa pili wa dunia.

Na sisi tulikuwa na picha zetu za kukasirikia, za Tarzani, zenye Waafrika wanaoruka ruka na mikuki wakiimba visivyoeleweka. Banda lilimshangilia Tarzani vile vile. Stelingi ni stelingi. Muziki wa John Williams kwenye pango lile ungali unanisisimua, wala siuonei haya. Fundi ni fundi, hata akijenga hekalu la uongo.

Siku ile barazani, mmoja wetu alimwuliza babu kama picha yenyewe ameiona. Kumbe alikwisha kuiona, alimfuata Amrish Puri kama sisi. "Adui mzuri namna ile," akasema kwa uchungu, "halafu wanawapa mamba wamle!"