Jina la Kwanza Tu

Leonard Mambo Mbotela alipofariki Februari 2025, vijana kadhaa wa redio walinipigia wakitaka kumbukumbu. Sikuwahi kufanya naye kazi. Nilimjua kama Mkenya yeyote wa rika langu, kupitia "Je, Huu ni Ungwana?", kipindi kilichoanza 1966 na kutulea bila kutuomba ruhusa. Niliwajibu kwa heshima, lakini nilikereka. Wote waliuliza habari za watangazaji. Hakuna aliyetaka kujua nani alikuwa akipokea simu za wasikilizaji, na mimi kazi yangu ilikuwa hiyo.

Nimezaliwa Taveta, kwenye nyumba za wafanyakazi wa shamba la mkonge. Baba alikuwa soja wa usiku, na redio yake ya betri iliishika Dar es Salaam vizuri kuliko Nairobi. Shule, chuo cha uhazili, ndoa. Hapo hakuna la ajabu. Redio za watu binafsi zilipochipuka baada ya serikali kulegeza kamba, nilipata kazi ya mapokezi katika kituo kimoja cha Kiswahili. Muda si muda nikapelekwa kwenye kipindi cha usiku, saa nne hadi saa nane, kilichosikika kuanzia Pwani hadi Busia.

Aliyenifunza ni mtayarishaji mmoja mzee wa Lamu, tuliyemwita Ustadh ingawa madrasa hakufundisha. Tulikaa upande wa pili wa kioo cha studio: meza, simu mbili, na ule mtambo unaoingiza sauti ya simu hewani. Usiku wa kwanza alininyang'anya kalamu. Nilikuwa nimeanza kuandika maoni ya mpigaji.

"Mwanangu," akasema, "akikumwagia wewe yote, hewani atabakisha makapi."

Maswali yake yalikuwa matatu. Jina lako la kwanza? Uko wapi? Unafanya nini sasa hivi? Baada ya hapo ni "zima redio yako, usikate." Asiyezima hujisikia mwenyewe akisema maneno ya sekunde chache zilizopita, kwa sababu ya mtambo wa kuchelewesha matangazo, akababaika hadi mwisho.

Swali la tatu ndilo lililobeba kipindi. Usiku mmoja mada ilikuwa nauli za matatu. Akapiga mlinzi wa ghala, Industrial Area, akinong'ona. Nikamuuliza anafanya nini. "Nazunguka ukuta. Mbwa amelala, kwa hiyo wa kubweka ni mimi." Nikampa mtangazaji neno moja kupitia hedifoni: mbwa. Akamwanzia hapo. Jamaa akacheka, akalegea, kisha akaeleza anavyotembea kwa miguu kutoka Mukuru kila jioni kwa kuwa nauli ingeumaliza mshahara wake. Madereva wa malori waliokuwa foleni ya mizani Mlolongo wakaanza kumpigia yeye, si sisi. Mchambuzi wa uchumi tuliyemwalika studio alikunywa chai yake akanyamaza, na sikumhurumia.

Sikio pia lilikuwa na elimu yake. Laini ya simu za siku hizo ilipitisha sauti kati ya hezi 300 na 3,400 tu, kwa hiyo unene wa sauti haukutuambia mengi. Ustadh alisikiliza mwendo. Mlevi, alisema, hucheka kabla ya kumaliza mzaha wake. Mchochezi hupumua kama anayesoma karatasi.

Kisha tukaletewa meneja wa vipindi, karibu na kura ya maoni ya katiba ya 2005, ile ya ndizi na chungwa. Kijana nadhifu, msomi. Akaagiza majina yote ya mpigaji yaandikwe kwenye kompyuta, pamoja na upande wake, ili mtangazaji asawazishe mjadala. Kwa mdomo ni jambo la haki. Lakini Kenya ukishataja jina la pili umeshataja kijiji, chama na babu. Wapigaji wakaacha kujibu hoja, wakaanza kujibu majina: "Namjibu yule bwana, tunawajua hao." Ustadh alipinga kikaoni, tena mbele ya watu. Alipewa barua ya kustaafu iliyojaa shukrani.

Desemba 30, 2007, serikali ilipopiga marufuku matangazo ya moja kwa moja baada ya matokeo ya uchaguzi, niliketi natazama taa za simu zikimetameta bila ruhusa ya kuzipokea. Baadaye Tume ya Waki, iliyochunguza ghasia zilizofuata, ikazinyooshea kidole redio za lugha za mama, na mtangazaji wa mojawapo akashtakiwa The Hague hadi kesi ilipokatizwa Aprili 2016. Sisi wa Kiswahili tukajifuta midomo. Kiswahili hakikutusafisha, nilikuwepo, niliyasikia yaliyosemwa kwetu pia.

Ninyi vijana leo mnapokea sauti zilizorekodiwa kwa WhatsApp, mnachagua zenye pilipili, mnazirusha. Mtu aliyejirekodi huwezi kumuuliza anafanya nini sasa hivi. Mnasema mnaokoa muda. Muda wa nani, saa saba usiku? Na hao wanaoweka muziki wa kompyuta kuanzia saa sita, sijui wanadhani mlinzi, muuguzi na mwoka mikate wamehamia nchi gani.

Mwaka jana nilikutana na meneja yule kwenye matanga. Ana mvi sasa. Bado anaamini alikuwa sahihi: mtu asiyetaja jina kamili, akitukana kabila la mwenzake, utamshtaki vipi? Nikamwambia namba ya simu tulikuwa nayo. Akacheka. Laini zilianza kusajiliwa 2010, akasema, kabla ya hapo namba haikuwa na mwenyewe. Hapo alinibana kweli. Nikamuuliza jina la pili lenyewe lilisajiliwa lini, maana tulikuwa na wapigaji wakijitwalia la jirani ili wamtukanishe. Akasema hao walikuwa wachache. Nikamwambia kompyuta yake haikuwa na nafasi ya kuwahesabu, na tukaendelea hivyo mpaka tukaitwa kula.