Neno la Aliyedhulumiwa

Wapo miongoni mwetu wasemao kuwa mwanamke aliyeumizwa na jamaa zake yampasa kunyamaza, kwani mambo ya nyumbani ni ya kusitiriwa. Maneno haya twayasikia barazani na hata harusini, wala hatuyakubali. Bibi Khaula binti Thaalaba, mumewe alipomtamkia dhihari, alikwenda kwa Mtume (S.A.W.) akaeleza yaliyompata na kujadiliana naye, na Sura ya 58 ikashuka ikianza na mashtaka yake. Hakuambiwa arudi akasitiri nyumba yake.

Na tutazame Pakistan. Mwaka 2014, katika jimbo la Punjab, binti mmoja aliyeolewa na mume asiyetakiwa na jamaa zake alipigwa risasi na baba yake na ami yake, akatiwa katika gunia na kutupwa mtoni. Akatoka hai. (Jina lake lajulikana duniani, nasi hatuoni haja ya kulirudia.) Sheria ya wakati ule iliwaachia jamaa wasamehe, na mwenye kosa akaenda zake. Bibi Sharmeen Obaid-Chinoy akaifanyia senema habari hiyo, ikapata tuzo ya Oscar Februari 2016. Waziri Mkuu Nawaz Sharif naye aliionyesha ofisini mwake. Na Oktoba mwaka ule ule Bunge likapitisha sheria kwamba msamaha wa jamaa hautamwepusha tena muuaji wa namna hii na kifungo cha maisha. Hatusemi senema peke yake ndiyo iliyoleta sheria. Lakini hesabu za waliouawa hazina uso, na binti yule alikuwa nao, una kovu la risasi.

Linalotushughulisha zaidi ni hili: binti mwenyewe alikwisha kuwasamehe, kwa kushurutishwa na wazee wa mtaa, na baba akatoka jela akijisifu kuwa heshima yake imezidi. Senema haikulificha jambo hilo, na kwa ajili hiyo twaisifu. Wengi wafanyao kampeni wapenda kisa kiishe kwa ushindi, kana kwamba mwenye kisa hana kesho.

Tumehudhuria mikutano ambamo msichana husimamishwa jukwaani asimulie. Watu hulia, hupiga makofi, hunywa chai. Kisha yeye hurejea nyumba ile ile, na hapana aliyemwuliza atalala karibu na nani usiku ule.