Mlango wa Milango

Bahari ya Kaspi imezingirwa na nchi kavu pande zote. Katika ufuo wake wa magharibi, huko Dagestan nchini Urusi, upo mji wa Derbent, ambao Waarabu waliuita Bab al-Abwab, Mlango wa Milango. Hapo milima ya Kaukasi huisogelea bahari hata ikabaki njia ya kilomita 3 hivi, na majeshi mengi ya kaskazini na kusini yalipita hapo. Waajemi waliiziba kwa kuta mbili za mawe katika karne ya 6. Baadaye Waarabu na Wakhazari wakaugombania mji huo miaka mingi, na msikiti wa Ijumaa wa mwaka 115 Hijria (733 Miladia) ungali umesimama.

Lakini katika vita vyote vya pande hizo, kinachotukaa moyoni ni kisa cha Imamu Shamil, aliyewapinga Warusi katika milima ya Dagestan. Mwaka 1839, ngome yake ya Akhulgo ilipozingirwa, alimtoa mwanawe mdogo, Jamaluddin, awe rehani. Mtoto akalelewa Urusi, akawa afisa wa jeshi lile lile. Mwaka 1855 alirudishwa kwa kubadilishana na mabibi mateka kutoka Jojia. Mamake alikuwa keshafariki. Naye akafariki 1858.

Shamil alisalimu amri 1859, akafia Madina 1871. Mahujaji wetu wanaozuru Baqii hupita karibu na kaburi lake bila kulijua, kwani makaburi ya pale hayaandikwi majina.