Siku Tuliyotembezwa Sokoni

Akina mama wengi tunaamini kwamba soko tunalijua. Tulianza kutumwa nyanya na chumvi kabla hatujafikia hata kimo cha meza ya muuzaji, na leo tuna watoto wetu tunaowatuma. Kwa hiyo mwenzetu mmoja alipotoa shauri katika mkutano wa kikundi chetu cha akina mama hapa Temeke, kwamba tumwombe shangazi yake atutembeze katika soko la Tandale na kutufundisha kununua chakula, tulicheka. Tufundishwe nini? Wanaotembezwa sokoni si watalii?

Hata hivyo tulikwenda, kwa sababu tulikuwa na haja. Kikundi chetu kina akina mama tisa, na kwa miaka miwili tulikuwa tukitengeneza unga wa lishe kwa ajili ya uji wa watoto. Tulichanganya mahindi, mtama, ulezi, mchele, soya na karanga, tukapeleka mashineni, tukafunga kilo moja moja na kuwauzia majirani na akina mama wenzetu baada ya ibada. Faida yake ilitusaidia kulipa kodi ya nyumba na kununua sare za watoto. Lakini bei za nafaka zilipanda, faida ikapungua. Tulitaka kujua mahali pa kupata mali kwa bei ya chini zaidi.

Kulikuwa pia na jambo jingine, ambalo hatukulizungumza mkutanoni. Aliye mdogo kuliko sisi sote ana mtoto wa kike, na wakati ule mtoto alikuwa na miezi 14. Kwenye kadi ya kliniki, mstari uliopaswa kupanda ulikuwa umelala kwa miezi mitatu. Mama yake alikuwa akimpa uji wa unga wetu kila siku, na unga huo aliununua kwa fedha yake kama mteja mwingine yeyote.

Badala ya kumwuliza kulikoni, tulinong'ona. "Mtoto amebemendwa," tulisema bombani, na kila aliyekuwa akichota maji pale alijua maana yake: kwamba baba au mama hakuwa mwaminifu katika ndoa, na mtoto ndiye anayelipa. Hakuna hata mmoja wetu aliyekuwa na ushahidi. Tulikuwa na midomo tu.

Macho kwanza, fedha baadaye

Tulifika Tandale Jumamosi, saa 12 na nusu asubuhi. Malori yalikuwa yanashushwa, na wapagazi walipita mbio na magunia mabegani wakipiga kelele, "Pisha, mzigo!" Mwenzetu mdogo alikuwa na mtoto wake mgongoni, amemfunga kwa kanga.

"Shikamoo Shangazi," tuliamkia kwa pamoja, maana shangazi wa mmoja ni shangazi wa wote.

"Marahaba, wanangu. Fedha zenu zifungeni vizuri, wala msizitoe mpaka niwaambie. Mzunguko wa kwanza tunanunua kwa macho."

Amefanya biashara ya nafaka sokoni hapo kwa zaidi ya miaka 20, na kila tulipopita aliitwa kwa heshima. Alianza kwenye mchele. Kuna wa Kyela, wa Kahama, wa Ifakara, na kila muuzaji anaapa kwamba wake unanukia. Shangazi hakusikiliza viapo. Alichota punje chache, akazipulizia pumzi ya moto ya mdomo wake, akanusa, kisha akatafuna moja. Mchele mpya, alisema, unataka maji kidogo na hushikana upesi. Ule uliokaa ghalani unakunywa maji mengi na kuchambuka vizuri. Ukijua una upi, hutaivisha bokoboko siku wakwe wamekuja.

Kwenye maharage alituambia tung'ate. Tulishangaa, lakini tuling'ata. Haragwe la msimu huu jino linaacha alama. La zamani ni kama kokoto. "Hilo la zamani ni rahisi kwa bei," alisema, "lakini litakula mkaa wako mpaka jioni. Ukipiga hesabu, changanya na mkaa." Tulitazamana. Miaka yote hiyo tulikuwa tukijivunia maharage ya bei rahisi, tukinung'unika kwamba mkaa hauishi.

Alitufundisha pia kutazama kipimo kabla ya kutazama mali. Kopo lililobonyezwa kitako linaonekana limejaa kumbe limepungua. Afadhali ununue kwa kilo, na mizani iwe na stika ya Wakala wa Vipimo, maana hukaguliwa kila mwaka. Tulipita penye magunia yaliyoshonewa kilemba juu, yale yanayoitwa lumbesa, akatikisa kichwa. Sheria inayakataza, kwa kuwa mkulima huuza gunia moja na kitu huku akilipwa bei ya gunia moja. "Na mkulima huyo," alisema, "mara nyingi ni mwanamke kama nyinyi."

Saa mbili tulikaa kwa mama nitilie tukapata chai ya tangawizi na vitumbua vya moto, vilivyokuwa laini katikati na vyenye harufu ya iliki. Shangazi alikula vinne na kusema kwamba chakula cha sokoni huchaguliwa kwa kutazama maji ya kuoshea vyombo, wala si kwa kutazama chakula chenyewe. Tulicheka sana. Asubuhi ile tulikuwa na furaha kweli kweli.

Kwenye magunia ya karanga

Mbele ya muuzaji wa karanga kulikuwa na magunia manne mazuri: karanga nyekundu, nono, zinazong'aa. Nyuma yake, karibu na ukuta, kulikuwa na gunia la tano. Humo zilikuwamo zilizosinyaa, zilizovunjika, zilizobadilika rangi, na nyingine zenye vumbi la kijani kibichi.

Mmoja wetu alimwonyesha Shangazi. "Na zile je? Bei yake ni nusu." Aliuliza kwa niaba yetu sote, maana karanga za namna hiyo ndizo tulizokuwa tukinunua kwa ajili ya unga wetu kwa muda wa miezi sita.

Shangazi alichota kiganja, akatupa chini. "Hizi hata panya asipewe. Zina sumukuvu." Kisha akamgeukia muuzaji. "Kijana wangu, hizi nani ananunua?"

Kijana yule hakuwa na nia mbaya. Alijibu tu kama alivyoulizwa. "Ni akina mama wa unga wa lishe, Shangazi. Zikishasagwa hazionekani."

Hakuna aliyesema neno. Mtoto alikuwa amelala mgongoni mwa mama yake, shavu lake limelalia kanga.

Shangazi, ambaye hakujua lolote, aliendelea kutufundisha. Aliwahi kuhudhuria semina ya maofisa wa kilimo. Alisema kuvu huota kwenye karanga na mahindi yasiyokauka vizuri au yaliyohifadhiwa penye unyevu, kisha huacha sumu ndani. Sumu hiyo haina harufu, na wala haiondoki kwa kuchemsha, kukaanga au kupika uji. Kinga ni kununua zilizokauka na kuzichambua moja moja: iliyosinyaa, iliyotoboka na iliyobadilika rangi hutupwa. Hata hivyo karanga nzuri kwa macho huweza kuwa na sumu, ndiyo maana zinazotengenezwa kwa biashara hutakiwa kupimwa.

Baadaye tulisoma zaidi. Dunia iliitambua sumu hii baada ya mwaka 1960, wakati bata mzinga zaidi ya 100,000 walipokufa nchini Uingereza kwa kulishwa mashudu ya karanga yaliyoingia kuvu. Mwaka 2004 watu 125 walikufa nchini Kenya kwa mahindi yenye sumu hiyo, na mwaka 2016 ilileta vifo hapa kwetu, katika mikoa ya Dodoma na Manyara. Ikiliwa kidogo kidogo kwa muda mrefu huharibu ini na huweza kuleta saratani, na wataalamu wanaihusisha na watoto kudumaa.

Tulijifunza pia kwamba mahindi, tunayoyaona kuwa chakula chetu tangu enzi na enzi, asili yake ni Mexico. Akina mama wa kule huyachemsha kwa maji ya chokaa na kuyaosha maganda kabla ya kuyasaga, na njia hiyo hupunguza sehemu ya sumu, ingawa waliianzisha bila kujua habari za sumukuvu. Bibi zetu nao waliyakoboa kwa kinu, wakapepeta na kuchambua kwa ungo. Sisi tuliona ungo unatuchelewesha, tukapeleka kila kitu mashineni pamoja na takataka zake.

"Nilidhani ni mimi"

Tulirudi Temeke bila kununua chochote. Kwenye daladala hakuna aliyezungumza. Tulipoingia nyumbani kwa mwenyekiti wetu, tulimweleza mwenzetu mdogo yote mawili: karanga tulizonunua, na maneno tuliyosema bombani. La pili lilikuwa gumu zaidi.

Hakutukana, wala hakuinuka kuondoka. Alimshusha mtoto mgongoni, akamweka mapajani, akasema polepole, "Nilidhani ni mimi. Nilimwuliza hata mume wangu kama ana mwanamke nje. Tulikosana wiki nzima."

Akina mama, tumewahi kuhudhuria semina nyingi za ndoa. Hakuna hata moja iliyotuingia kama maneno hayo. Tulikuwa tumeuza unga mbaya, kisha tukaingiza ugomvi katika nyumba ya mtu aliyeununua.

Jumatatu wawili wetu tulimsindikiza kliniki. Muuguzi hakusema kwamba unga wetu ndio uliomdumaza mtoto. Alisema hawezi kulijua hilo kwa kumtazama, na kwamba mtoto alikuwa pia ameugua homa na kuharisha mara kwa mara. Lakini habari ya kubemenda aliikataa palepale: hakuna ugonjwa wa namna hiyo, kuna mtoto mgonjwa au asiyepata chakula cha kutosha. Aliagiza tuache ule mchanganyiko wa nafaka nyingi. Uji wa nafaka moja unatosha, uwe mzito, utiwe karanga nzuri kidogo iliyosagwa peke yake, au maziwa. Mtoto apate yai au dagaa, mboga za majani, tunda, na aendelee kunyonya mpaka atimize miaka miwili au zaidi.

Stoo tulikuwa na kilo 38 za unga. Mmoja wetu alisema tuwape kuku. Shangazi alipopigiwa simu alikataa kwa ukali: kuku nao hudhurika, na ng'ombe akila sumu hiyo hupita kwenye maziwa. Basi tulichimba shimo tukazika unga wote, pamoja na ada na kodi iliyokuwa ndani yake.

Kisha tukafanya kazi ambayo hatukuitaka. Tuligawana nyumba za wateja wetu, tukaenda wawili wawili, tukaeleza tulichofanya na kurudisha fedha. Wengine walitushukuru, wengine walifunga mlango. Mama mmoja alituambia hatanunua tena hata chumvi mkononi mwetu. Tulimwambia ana haki. Na kila nyumba tuliyokuwa tumepeleka neno la kubemenda, tulirudi kulifuta, ingawa twajua kwamba neno si kama unga. Huwezi kulikusanya lote na kulizika.

Mwezi wa tatu baada ya safari ile, mstari wa kadi ulianza kupanda. Hatujui ni kwa ajili ya uji, au dawa, au kwa kuwa nyumba ile imetulia. Tunamshukuru Mungu kwa yote matatu.

Mpaka leo hatujarudia biashara ya unga, na hatutarudia mpaka tutakapoweza kuupima. Kila Alhamisi tunakaa barazani na nyungo zetu tukichambua karanga na mahindi ya nyumba zetu wenyewe. Kazi hiyo inachosha mgongo na haina faida ya fedha. Lakini mikono ikiwa kwenye ungo tunazungumza ana kwa ana, na mwenye shida huulizwa yeye mwenyewe, pale pale.

Msomaji mpenzi, ukienda sokoni wiki hii, nenda asubuhi na uzunguke mara moja kabla ya kufungua pochi. Ng'ata haragwe, tazama stika ya mizani, nusa mchele. Na ukiona gunia la nyuma lenye bei ya nusu, muulize muuzaji nani hulinunua. Sisi tuliuliza, na jibu lilikuwa sisi.